NEPALI: MILIMA MIREFU, BAHARI MBALI

Siku moja tulitundika ramani ya dunia ukutani darasani. Somo lilikuwa kusoma ramani. Rangi ya buluu ni maji, kijani ni nchi ya chini, kahawia ni milima. Mwanakisomo mmoja, mama mtu mzima, alisogea karibu akaweka kidole mahali palipokolea kahawia kuliko pote, katika bara la Asia. Akasoma polepole: "Ne-pa-li." Kisha akatafuta rangi ya buluu kandokando yake, asiione. Akageuka akauliza: "Mwalimu, watu hawa hawana hata pwani. Sasa chumvi wanaitoa wapi?"

Wenzake wakacheka. Mimi sikucheka, maana swali lile ni zito. Siku ile nilimjibu kwa maneno mawili matatu tu, kipindi kikaisha. Leo nataka kulijibu sawasawa. Ukiifuata chumvi ya Wanepali inavyosafiri, utaijua nchi yao pamoja na milima yake, mvua yake na majirani zake.

NCHI NYEMBAMBA ILIYOINUKA

Nepali imekaa katikati ya majirani wawili wakubwa. Upande wa kaskazini ni China, sehemu iitwayo Tibet. Kusini, mashariki na magharibi ni India. Eneo la Nepali ni kama kilomita za mraba 147,000. Ndani ya Tanzania zingeingia Nepali sita na nafasi ikabaki. Lakini watu wake si haba: sensa ya mwaka 2021 ilihesabu zaidi ya milioni 29.

Kwa umbo ni kama mkeka mwembamba uliotandikwa kutoka magharibi kwenda mashariki. Urefu wake unazidi kilomita 800. Upana wake, kutoka kusini hadi kaskazini, ni kama kilomita 200 tu, na mahali pengine haufiki. Kwenye barabara nzuri ya lami basi lingeumaliza upana huo kwa saa tatu au nne. Lakini katika upana huo huo mdogo ardhi inapanda kutoka chini ya mita 100 hadi mita 8,848 juu ya usawa wa bahari! Tukisema "juu ya usawa wa bahari" maana yake tunaanza kupima pale maji ya bahari yanapokomea pwani, tunakwenda juu.

Hizo mita 8,848 ni kilele cha mlima Everest, mrefu kuliko milima yote ya dunia. Wanepali huuita Sagarmatha, na watu wa Tibet huuita Chomolungma. Mlima wetu wa Kilimanjaro una mita 5,895. Ukiusimamisha kando ya Everest unapungukiwa na karibu mita 3,000. Dunia nzima ina milima 14 inayozidi mita 8,000, na minane kati ya hiyo ipo Nepali au mpakani mwake.

Wenyewe huigawa nchi yao mara tatu. Chini, upande wa kusini, ni Terai. Hiyo ni tambarare yenye joto, nchi ya mpunga na miwa. Zamani Terai iliogopwa sana kwa malaria. Mtu wa milimani hakuthubutu kulala kule wakati wa mvua, ila Watharu, wenyeji wa huko, ndio walioweza kuishi. Ilipofanyika kampeni ya kupiga dawa ya mbu, kuanzia miaka ya 1950, watu wakateremka kwa wingi. Leo zaidi ya nusu ya Wanepali wanaishi Terai.

Katikati ni Pahad, maana yake vilima. Usidanganyike na neno vilima. Vingine vinafika mita 3,000, kwetu tungeviita milima. Huko ndiko uliko mji mkuu, Kathmandu. Juu kabisa, kaskazini, ni Himal, nchi ya theluji. Watu wake ni wachache.

Kwa mkulima wa Pahad, shamba ni ngazi. Mteremko wote umekatwa vipande vipande kuanzia mtoni hadi karibu na kilele, kila kipande na ukuta wake wa mawe au udongo. Vipande vya chini vyenye maji ya mfereji huitwa khet, hulimwa mpunga. Vya juu vinavyongoja mvua huitwa bari, hulimwa mahindi na ulezi. Ukipanda zaidi unakuta viazi na shayiri. Ukizidi kupanda, mazao yanakoma, yamebaki malisho ya yaki, mnyama wa jamii ya ng'ombe mwenye manyoya marefu. Yaki ukimteremsha kwenye joto anaugua. Kila mvua kubwa ikipita, kuta kadhaa zinabomoka, na watu wanazijenga upya kabla ya msimu. Ndugu zetu wa Usambara na Umatengo, waliozoea kulima miteremko, wanaijua kazi hiyo.

Na huo ulezi, ndugu msomaji, ni wa kwetu. Wataalamu wa mimea wanasema ulianza kulimwa katika nyanda za juu za Afrika Mashariki na Ethiopia, ndipo ukavuka bahari zamani sana kwenda India na kupanda hadi Nepali. Wanepali huutia unga wake katika maji yanayochemka na kuusonga kwa mwiko mpaka ukaze. Wanauita dhindo. Wewe ungeuita ugali, na usingekosea.

BAHARI ILIYOPANDA JUU

Sasa twende kwenye bonde la mto mmoja uitwao Kali Gandaki. Katika bonde hilo watu huokota mawe meusi ya mviringo. Ukilipasua jiwe unaona ndani yake umbo la mnyama aliyejikunja kama konokono, limegeuka jiwe. Wahindu huyaheshimu sana mawe hayo na kuyaweka mahali pa ibada. Ni mabaki ya viumbe wa baharini.

Viumbe wa baharini wamefikaje milimani, katika nchi isiyo na pwani? Jibu ni kwamba bahari ilikuwapo. Ardhi tunayoikanyaga imegawanyika vipande vikubwa mno, na vipande hivyo vinasogea polepole, kwa mwendo kama wa ukucha unavyoota. Kipande cha India zamani kiliungana na Afrika yetu. Kikabanduka, kikasogea kaskazini, na yapata miaka milioni 50 iliyopita kikagongana na Asia. Weka mkeka chini, usukume kutoka pande mbili. Katikati unakunjamana na kuinuka. Ndivyo sakafu ya bahari iliyokuwa kati ya India na Asia ilivyoinuliwa. Hata mwamba wa kilele cha Everest ni chokaa iliyojengeka chini ya bahari, na una mabaki ya viumbe wadogo wa majini.

India haijaacha kusukuma. Milima bado inakua kwa milimita chache kila mwaka, na miamba ikishindwa kuvumilia inavunjika ghafla. Hapo ndipo ardhi hutetemeka. Tarehe 25 Aprili 2015, karibu saa sita mchana, lilitokea tetemeko kubwa lililoua watu karibu 9,000. Kijiji cha Langtang kilifunikwa na poromoko la theluji na mawe. Ilikuwa Jumamosi, na Jumamosi ndiyo siku ya mapumziko Nepali. Madarasa mengi yaliyoanguka yalikuwa hayana watoto. Mimi ni mwalimu, na kila nikifikiri habari hiyo nashusha pumzi.

UPEPO WA KUSI NA UKUTA WA MLIMA

Watu wa pwani yetu wanaujua upepo wa kusi, uliokuwa ukisukuma majahazi kutoka kwetu kwenda Arabuni na India. Kusi hauishii hapo. Ukishavuka ikweta unapinda, unabeba unyevu wa bahari, unaingia India na kupanda mpaka Nepali. Kuanzia Juni hadi Septemba unamwaga sehemu kubwa kabisa ya mvua yote ya mwaka.

Lakini milima ni kama ukuta. Upande wa kusini wa mlima Annapurna, mahali paitwapo Lumle, hunyesha zaidi ya milimita 5,000 kwa mwaka. Nyuma ya mlima huo huo ni wilaya ya Mustang, na huko sehemu kubwa haipati hata milimita 300. Nyumba zinakuonyesha tofauti hiyo. Upande wa mvua mapaa yamesimama ili maji yateremke upesi. Mustang mapaa ni bapa, ya udongo, na juu yake watu wanaanika nafaka na kuni.

Ukuta huo una mlango. Mto Kali Gandaki umechimba njia katikati ya milima miwili mikubwa, Annapurna wenye mita 8,091 na Dhaulagiri wenye mita 8,167. Mto unapita chini kwenye mita kama 2,500. Basi, msafiri wa kule akiinua macho kulia na kushoto ameinukiwa na kuta zenye zaidi ya mita 5,000. Kila siku kabla ya adhuhuri upepo mkali huanza kuvuma bondeni kwenda juu. Ndege ndogo za Jomsom, mji wa bonde hilo, huruka asubuhi tu, na waenda kwa miguu hufunika nyuso zao kwa vitambaa.

CHUMVI ILIYOTEREMKA

Katika mlango huo ndipo ilipopita chumvi. Juu ya uwanda wa Tibet kuna maziwa yanayokauka na kuacha chumvi, kama pale Ziwa Eyasi. Watibeti waliikusanya wakaipakia juu ya yaki, na huko magharibi ya Nepali hata kondoo na mbuzi walibebeshwa vifuko vidogo viwili viwili. Kwao Tibet nafaka ni chache kwa sababu ya baridi. Kwa watu wa Pahad nafaka ipo, chumvi hakuna. Basi wakakutana katikati na kubadilishana bila fedha.

Waliosimama katikati ni Wathakali, kabila dogo la bonde lile. Mji wao wa Tukuche ulijaa maghala. Serikali ya Kathmandu ilikuwa inauza haki ya kukusanya ushuru wa chumvi, na matajiri wa Kithakali ndio waliokuwa wakiinunua. Misafara ya baghala, yaani watoto wa punda na farasi, ilipita na kengele shingoni. Penye njia mbaya mzigo ulibebwa na mtu, katika kikapu kirefu kiitwacho doko, ukanda wake ukipita kwenye paji la uso, kama wafanyavyo akina mama wa Kikuyu wakibeba kuni. Kabla ya barabara ya kwanza kutoka India kufika Kathmandu, mwaka 1956, hata motokaa za wakubwa zilipitishwa milimani mabegani mwa wapagazi. Fikiria watu kubeba gari ili gari likawabebe wengine!

Biashara ya chumvi ilididimia baada ya mwaka 1959. China iliishika Tibet kwa nguvu zaidi na mpaka ukabanwa. Tena chumvi ya India ilikwisha kuanza kufika kwa bei nafuu. Wathakali wengi walihama, wakaenda kufungua maduka na hoteli mijini.

ROVU

Hapa lazima nisimame kidogo. Chumvi ya Tibet ilitia ladha kwenye chakula, lakini kulikuwa na kitu kilichokosekana ndani yake, nacho ni madini joto.

Mwili wa binadamu unahitaji madini joto kidogo sana kila siku. Samaki wa baharini wanayo. Udongo wa milimani mara nyingi hauna, kwa sababu mvua na barafu zimeuosha kwa maelfu ya miaka na madini yakateremka na mito hadi baharini. Mmea ukiota katika udongo huo nao hauna, na mtu anayekula mmea huo anakosa. Tezi ya shingoni inajitahidi bila mafanikio, inavimba. Hilo ndilo rovu. Uvimbe wenyewe unaonekana, kwa hiyo watu huuzungumza. Hatari kubwa zaidi haionekani: mama mjamzito akipungukiwa sana, mtoto anaweza kuzaliwa kiziwi, bubu au mwenye akili iliyodumaa.

Katika miaka ya 1960 wapimaji walikuta zaidi ya nusu ya Wanepali waliowapima wana rovu. Vilikuwapo vijiji vya milimani ambavyo mtu asiye na rovu ndiye aliyeonekana wa ajabu. Wengine walidhani ni maji ya kisima, wengine walisema ni mapenzi ya Mungu. Msomaji wa Iringa au Mbeya hatashangaa, maana nyanda zetu za juu nazo zimelijua rovu.

Tangu miaka ya 1970 Nepali ikaanza kupokea kutoka India chumvi iliyoongezwa madini joto. Nasema iliyoongezwa, kwa sababu hata chumvi ya bahari peke yake haitoshi, ni mpaka madini yatiwe kiwandani. Vijiji vya mbali, visivyofikiwa na chumvi hiyo, vilipelekewa sindano za mafuta yenye madini joto. Kazi ilichukua miaka mingi, lakini leo zaidi ya kaya tisa katika kila kumi zinatumia chumvi hiyo.

MLANGO UKIFUNGWA

Kwa hiyo jibu la mama yule ni kwamba siku hizi chumvi inatoka baharini, lakini bahari ya watu wengine. India hutoa chumvi yake nyingi katika jimbo la Gujarat, kwa kukausha maji ya bahari. Bidhaa nyingine za ng'ambo zinashuka bandari ya Kolkata, kisha zinasafiri kama kilomita 700 ndani ya India mpaka mji wa mpakani wa Birgunj. Hapo ndipo Nepali inaanza, na milima bado iko mbele. Mafuta ya taa, petroli, dizeli, gesi ya kupikia na dawa nyingi vyote vinaingia kwa upande huo wa kusini.

Watu wa Rwanda, Burundi, Uganda na Zambia wanalielewa jambo hili. Zambia ilipobanwa njia ya kusini baada ya Rhodesia kujitangazia uhuru wa walowezi mwaka 1965, mafuta yake yalipitia Dar es Salaam kwa malori katika barabara mbaya ajabu. Ndipo likajengwa bomba la mafuta, na baadaye reli ya TAZARA. Lakini Zambia ina majirani wengi. Nepali inao wawili tu, na mmoja yuko nyuma ya milima ya theluji.

Mwaka 1989 mikataba ya Nepali na India ya biashara na ya kupitisha mizigo iliisha muda kabla wakubwa hawajaelewana. India ikafunga vituo vya mpakani, vikabaki viwili tu kati ya 15. Hali hiyo ilipita mwaka mzima. Mafuta yalipoadimika, watu waliingia msituni kukata kuni.

Ikatokea tena mwaka 2015, miezi mitano tu baada ya lile tetemeko. Tarehe 20 Septemba Nepali ilitangaza katiba mpya. Watu wengi wa Terai walisema imewapunja, wakaandamana na kukaa mpakani. Malori yakasimama upande wa India. Serikali ya Nepali ililaumu India kwamba ndiyo iliyofunga njia. India ilikataa, ikasema madereva wanaogopa ghasia zilizo ndani ya Nepali. Mwenye haki ni nani, wanasiasa wanabishana mpaka leo. Yaliyotokea nyumbani kwa watu hayana ubishi: Kathmandu watu walipika kwa kuni barabarani, hospitali zilipungukiwa dawa, na waliobomolewa nyumba waliingia kipupwe wakiwa chini ya mabati na maturubai. Mwezi wa Novemba Shirika la Umoja wa Mataifa la Watoto, UNICEF, lilionya kwamba zaidi ya watoto milioni tatu wenye umri chini ya miaka mitano wako hatarini. Mpaka ulifunguka Februari 2016.

Sheria ipo. Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Sheria ya Bahari wa mwaka 1982 unasema nchi isiyo na pwani ina haki ya kufika baharini na kupitisha mizigo yake katika nchi jirani. Lakini namna ya kupita inapangwa kwa mapatano na jirani huyo. Haki imeandikwa, ufunguo unabaki kwa mwenye nyumba. Maji ya Kali Gandaki yenyewe yanaingia India, yanaungana na mto Ganga na kufika baharini bila kuomba kibali cha mtu.

Mwezi Machi 2016 Nepali ilitiliana saini na China mkataba wa kupitisha mizigo upande wa kaskazini. Wengi walishangilia. Mimi nikatazama ramani. Kutoka Nepali hadi bandari ya Tianjin ni zaidi ya kilomita 3,000, na njia zenyewe zinakatwa na maporomoko. Barabara ya mpakani ya Kodari iliharibiwa na tetemeko la 2015 na ilichukua miaka minne kabla mizigo haijapita tena. Daraja la mpakani la Rasuwagadhi lilichukuliwa na mafuriko Julai 2025. Upande wa kusini nako kazi imeendelea: mwaka 2019 lilifunguliwa bomba la mafuta kutoka Motihari, India, hadi Amlekhgunj, Nepali. Linasaidia sana, ila nalo linaanzia kwa jirani yule yule.

Na lile bonde la chumvi? Siku hizi lina barabara. Magari yanapita Tukuche hadi Jomsom na kuendelea mpaka Mustang ya juu, kwa vumbi wakati wa kiangazi na kwa matope wakati wa mvua. Mzigo mwingi unapanda kutoka kusini: mchele, saruji, mitungi ya gesi, na chumvi katika paketi zenye picha ya watoto wawili. Picha hiyo iliwekwa ili hata asiyejua kusoma aitambue chumvi yenye madini joto. Akina mama wa kule hufundishwa kuitia katika chombo chenye kifuniko na kuiweka mbali na moto, maana ikiachwa wazi kwenye joto na unyevu madini yanapotea.